Mtoa Roho Yuko Ziwani: Mfangano, Wamandai na Wajibu wa Walio Hai

Hutokea usiku, aghalabu joto likiwa limekaza na upepo umeanza kuvuma. Mtu mmoja hugonga sufuria. Jirani hujibu kwa kupiga bati. Punde kijiji kizima kimeamka: debe, karai, beseni, kifuniko cha chungu, chochote chenye mlio hupigwa, na watu huwakemea wageni wasioonekana wapite zao, washuke ziwani wasigeuke nyuma. Wageni hao huitwa nyawawa. Kwa Wajaluo na majirani zao wa kando ya Ziwa Victoria, kuanzia Siaya hadi Homa Bay na Migori, nyawawa ni roho za wafu zinazosafiri na upepo, na ole wake anayelala kimya zikipita.

Wapo wanaosema sauti hizo ni za makundi ya ndege wahamao usiku. Mjadala huo na uendelee. Kinachonishughulisha mimi ni jambo ambalo pande zote mbili hazilibishii: usiku huo hakuna anayeikabili hofu ya kifo peke yake. Mjane anayeishi pembezoni mwa kijiji husikia sufuria za wenzake, nao huisikia yake.

Mbali sana na hapa, kwenye mito ya Iraq na Iran, wanaishi Wamandai, watu wengine wa majini, ambao malaika wa mauti wanamjua kwa jina na hawamfukuzi. Wanamsubiri wakiwa wameoga. Nimeziweka imani hizi mbili bega kwa bega kwa sababu zote mbili zinajibu swali ambalo Mfangano imeulizwa kwa ukali kuliko sehemu nyingi za Kenya: kifo kikishapewa sura na jina, walio hai wana kazi gani ya kufanya?

Kisiwa na watu wake

Kutoka Mbita, boti hupita kando ya Rusinga, alikozikwa Tom Mboya, kisha hukata maji kuelekea magharibi hadi Sena, mji mdogo wa Mfangano. Kisiwa chenyewe kina ukubwa wa kilomita za mraba 65 hivi, na katikati yake umesimama mlima Soklo. Kwenye mapango na majabali ya Mawanga na Kwitone kuna michoro ya kale ya rangi nyekundu na nyeupe, miduara ndani ya miduara, ambayo wataalamu huihusisha na wawindaji wa Kitwa waliokaa hapa kabla ya wakazi wa leo. Abasuba waliofika baadaye waliyaheshimu maeneo hayo na kuyatumia katika ibada za kuomba mvua.

Abasuba ni Wabantu ambao mababu zao walivuka ziwa kutoka upande wa Buganda na Busoga, wengi wao katika karne ya 18. Tangu hapo wameishi na kuoana na Wajaluo kiasi kwamba wengi wao leo huzungumza Dholuo, na lugha yao ya Kisuba imo katika orodha ya UNESCO ya lugha zilizo hatarini kutoweka. Mila za mazishi nazo zimechanganyika. Mzee akifariki kisiwani, yanayofanyika hayatofautiani sana na ya Wajaluo wa Gem au Karachuonyo: moto unawashwa uani, ng'ombe wanatafutwa, na watu wanajiandaa kupigana na mauti yenyewe.

Malaika aliyetumwa kwa Adamu

Wamandai ni watu wa dini ya kale inayomuenzi Yohana Mbatizaji na kuyaweka maji yatiririkayo katikati ya ibada. Kubatizwa kwao si tendo la mara moja. Mmandai huingia mtoni tena na tena maishani mwake. Wanazuoni wengi huwahusisha na Wasabii wanaotajwa mara tatu katika Kurani. Idadi yao duniani haizidi makumi ya maelfu, na tangu vita vya Iraq vya mwaka 2003 wengi wamehamia Australia, Sweden na Marekani, wakitafuta mito mipya ya kubatizia.

Malaika wao wa mauti huitwa Sauriel, na pia Qmamir Ziwa. Kazi yake ni kuifungua roho itoke mwilini, kama mtu afunguaye kamba ya mtumbwi uliofungwa ufuoni. Hana chuki na anayemjia. Anatumwa na Uhai Mkuu, jina ambalo Wamandai humwitia Mungu, naye hana ruhusa ya kurudi mikono mitupu.

Kitabu chao kitukufu, Ginza Rabba, kina sehemu nzima inayohusu safari ya roho, na sehemu hiyo inafunguliwa kwa kisa kizito. Adamu amefikisha umri wa miaka 1,000. Sauriel anatumwa amtoe duniani kabla uzee haujamwaibisha. Adamu anakataa. Anaililia dunia, na badala ya kuinuka aende, anamwelekeza malaika kwa mwanawe Shitil, yule ambaye Waislamu humwita Shithi na Biblia humwita Sethi. Shitil ana miaka 80 tu, hajaoa, hajamwaga damu. Naye anasita na kuuliza kwa nini aitwe kabla ya baba yake. Mwishowe anakubali, anauvua mwili, anapanda kwenye nuru. Ndipo Adamu anajuta, lakini nafasi imekwisha kupita.

Hivyo katika imani ya Wamandai binadamu wa kwanza kufa ni kijana aliyekwenda mahali pa mzee. Kwa sababu hiyo roho ya Shitil ndiyo safi kuliko zote. Kila roho inayotoka duniani hupita vituo vya ulinzi ambako madhambi hudaiwa, hadi ifike mbele ya Abatur mwenye mizani, na huko hupimwa dhidi ya roho ya Shitil. Wanadamu wote, wazee kwa vijana, wanapimwa kwa uzito wa kijana aliyetangulizwa.

Msomaji aliyelelewa Pwani anaisikia hapa sauti anayoijua. Kurani, katika sura ya As-Sajda, inamtaja Malaika wa mauti aliyewakilishwa kwa kila mmoja wetu, na mapokeo yakampa jina la Izraili, ambaye wazee wa Kiswahili humwita Ziraili mtoa roho. Vizazi vya watoto wa Lamu na Unguja vimelala vikimwogopa. Ila Uislamu na imani ya Wamandai vinakubaliana kwamba mtoa roho ni mtumishi tu, na kwamba mwanadamu anayetaka kujadiliana naye amechelewa. Maandalizi hufanywa kabla.

Wamandai wanayafanya maandalizi hayo kwa mikono yao. Mgonjwa akionekana anaelekea kukata roho, huogeshwa kwa maji ya mto na kuvishwa vazi jeupe la ibada liitwalo rasta, akiwa bado anapumua. Haistahili malaika amkute katika nguo za kawaida. Akishaondoka, roho hukaa karibu na mwili kwa siku tatu, kisha huanza safari inayochukua siku 45, huku makuhani wakiisindikiza kwa ibada ya masiqta. Na waliobaki wamekatazwa kulia, kwa kuwa machozi yao hugeuka mto ambao roho italazimika kuuvuka.

Kupigana na mauti kwa mikuki

Hapo ndipo ziwa letu na mito ya Iraq vinaachana kabisa. Kwa Wajaluo na Abasuba, kukaa kimya msibani ni aibu. Mzee akifa, moto mkubwa wa magogo uitwao magenga huwashwa uani na watu hukesha wakiuzunguka. Kisha huja tero buru. Wanaume hukusanya ng'ombe, hushika mikuki, ngao na rungu, wengine hujipaka majivu au udongo na kujifunga majani, na msafara mzima hutimua vumbi kuelekea mpakani mwa ukoo au ukingoni mwa maji, wakipiga vijembe na kuchoma hewa. Adui wao ni Tho, kifo. Wanamsindikiza kwa vitisho hadi nje ya mipaka, kisha wanarudi na ng'ombe wakiimba sifa za marehemu.

Masimulizi ya zamani yanaeleza kwa nini adui huyo bado yupo. Inasimuliwa kwamba wanadamu walipewa nafasi ya kuondolewa kifo ikiwa watapeleka juu mbinguni mafuta safi ya mnyama. Kinyonga alipewa kazi ya kuyabeba. Akayakanyaga njiani, yakafika yamechafuka, yakakataliwa. Kifo kikabaki kwa uzembe wa mjumbe, na kwa kuwa kilibaki kwa uzembe, watu wana haki ya kukikasirikia.

Makanisa yamepambana na tero buru kwa miongo mingi, na familia nyingi leo huzika kwa nyimbo za dini pekee. Nyingine huchanganya. Kanisa la Legio Maria, lenye kitovu chake Got Kwer kule Migori, lilipata wafuasi wengi tangu miaka ya 1960 kwa sababu mojawapo kwamba halikuwaambia watu roho hazipo. Liliwapa sala na rozari za kupambana nazo. Walibadilisha silaha, vita vikabaki vilevile.

Waliochukuliwa na maji

Kifo cha Mfangano kina mlango wake maalumu, nao ni ziwa. Usiku nchi kavu hupoa haraka kuliko maji. Hewa baridi hutelemka kutoka pande zote za ufuo na kukutana katikati ya ziwa lenye joto, ikapanda juu na kuzaa mawingu ya radi. Ndiyo maana dhoruba kali za Ziwa Victoria hupiga usiku wa manane na kuelekea alfajiri. Na saa hizo hizo ndizo wavuvi wa omena wako kazini, kwa sababu omena hufuata taa kwenye giza. Makadirio yanayotajwa mara nyingi ni kwamba ziwa lote, Kenya, Uganda na Tanzania, hupoteza watu kati ya 3,000 na 5,000 kila mwaka. Ajali kubwa hukumbukwa kwa majina: MV Bukoba tarehe 21 Mei 1996, na MV Nyerere karibu na Ukara tarehe 20 Septemba 2018, ilipoua watu 228. Mtumbwi wa vijana watatu ukizama, jina lake hubaki kwenye mwalo wake tu.

Mvuvi akizama, wenzake husimamisha kazi. Nyavu hukaa nchi kavu, na mitumbwi huzunguka maji siku baada ya siku kumtafuta. Siku hizo hakuna mapato, na familia zinazoishi kwa samaki wa leo hulala njaa, lakini ni nadra mtu kulalamika. Maiti lazima irudi nyumbani. Kenya nzima iliuona uzito wa jambo hili katika kesi ya wakili S. M. Otieno, aliyefariki Desemba 1986 na kuzikwa kwao Nyalgunga mwezi Mei 1987, baada ya mjane wake na ukoo wa Umira Kager kuvutana mahakamani kwa karibu miezi mitano. Mahakamani humo ilielezwa, kwa uzito wote wa kisheria, kwamba marehemu asipozikwa kwa taratibu roho yake itawasumbua walio hai.

Na maji yakikataa kumrudisha? Mila ina jibu. Hutafutwa tunda la yago, yaani la mwegea, lile refu na zito linaloning'inia kwa kikonyo chake. Hulazwa kaburini mahali pa mwili, familia hulia, watu huzika, na maombolezo hupata mwisho.

Wamandai nao wanalijua donda hili. Mtu akifa ghafla, kwa kuzama au kwa ajali, bila kuogeshwa na bila rasta mwilini, roho yake hukwama njiani. Kwa ajili yake kuna ibada ya kuvisha vazi, ambamo mtu aliye hai husimama badala ya marehemu, akavishwa mavazi ambayo yule hakuyapata. Hawakuambiana lolote, watu wa Tigri na watu wa Nyanza, lakini wote waliona kwamba msiba usio na taratibu huwaua waliobaki polepole, na wote wakatafuta kitu cha kusimama mahali pa aliyekosekana.

Miaka mila ilipozidiwa

Kisha ikaja miaka ambayo hata tero buru haikutosha. Kenya ilitambua kisa chake cha kwanza cha ukimwi mwaka 1984. Ilimchukua Rais Moi hadi 1999 kuutangaza kuwa janga la kitaifa. Katika muda huo fukwe za Suba zilizika kizazi. Takwimu za kaunti zilizotolewa mwaka 2014 zilionyesha Homa Bay ikiongoza nchini: asilimia 25.7 ya watu wazima walikuwa na virusi, yaani mtu mmoja kati ya wanne.

Ni wajibu kusema wazi kwamba baadhi ya mila za kumfukuza kifo zilimfungulia mlango. Mjane aliamriwa atakaswe kwa kulala na mwanamume, mara nyingine mgeni wa kulipwa, ili kivuli cha kifo kimtoke, na mara nyingi virusi vilisafiri kwa njia hiyo hiyo kutoka kaburi moja hadi jingine. Ufuoni nako desturi ya jaboya, ya mchuuzi wa kike kumpa mvuvi mwili wake ili apate samaki, iliunganisha mwalo na mwalo. Utaratibu uliokusudiwa kuilinda nyumba uliimaliza. Wazee wengine waliliona hilo wakaubadilisha utakaso, wakaridhika na ishara, kama koti la mwanamume kutundikwa nyumbani kwa mjane. Mila haikufa kwa mabadiliko hayo, na wajane wakaishi.

Dawa za kupunguza makali ya virusi zilipoanza kutolewa bure katikati ya miaka ya 2000, kisiwa kilikabiliwa na adui mwingine: aibu. Watu walizificha dawa, wakaacha kliniki, wakafa. Hapo Mfangano ikafanya jambo linalostahili kujulikana Afrika Mashariki nzima. Katika kituo cha Ekialo Kiona, wakazi walipewa matumizi ya bure ya kompyuta na intaneti kwa sharti moja, wapimwe virusi kila baada ya miezi 6. Pia viliundwa vikundi vya ndugu, marafiki na majirani walioamua kuambiana hali zao na kukumbushana dawa. Watafiti walipowafuatilia waliokuwa kwenye vikundi hivyo, waligundua kwamba walikosa kliniki kwa muda mrefu kwa karibu nusu tu ya kiwango cha wasiokuwa navyo.

Ukiangalia vizuri, hicho ni kile kile kinachofanyika usiku wa nyawawa. Kifo kinapita, na kila nyumba inatakiwa itoe sauti. Aliyekaa kimya na dawa zake chini ya godoro ndiye aliyekuwa hatarini, na majirani walioanza kupaza sauti pamoja naye ndio waliomwokoa.

Nani atangulie?

Sina nia ya kuwaambia Wamandai wamfukuze Sauriel wala Wasuba wamkaribishe. Kila watu wameijenga imani yao juu ya maji wanayoyajua: mto wa Mmandai unatiririka kwa utaratibu na kuosha, wakati ziwa la Msuba linaamka usiku na kuchukua. Wala siamini kwamba kelele za sufuria zimewahi kumzuia mtoa roho aliyetumwa. Siku ikifika, hakuna anayebaki, si kisiwani wala bara.

Lakini kisa cha Adamu kinaniambia kwamba kuna jambo moja lililo mikononi mwetu, nalo ni nani anayesukumwa mbele kwanza. Malaika alitumwa kwa mzee wa miaka 1,000; ni mzee aliyemwelekeza kwa kijana. Ziwani tunafanya hivyo kila usiku wa giza. Mwenye boti hulala nchi kavu. Wanaokwenda na taa ni vijana wa miaka 20, wengi bila jaketi za kuokolea maisha, kwa sababu injini ilinunuliwa kwanza na jaketi zikaahirishwa. Utabiri wa hali ya hewa kwa ajili ya wavuvi upo, lakini mara nyingi hauwafikii mwaloni kabla hawajaondoka. Katika miaka ya ukimwi ilikuwa hivyo hivyo: mila ililindwa na wazee, na makaburi yakajaa wanaume na wanawake waliokuwa katika umri wa kulea, hadi nyanya wakabaki na kundi la wajukuu.

Kwa hiyo ombi langu kwa kamati za usimamizi wa fukwe, kwa wenye boti, kwa wazee wa koo na kwa viongozi wa kaunti ni moja. Nguvu tunayoitoa baada ya kifo, ya kukesha, ya kuchangia ng'ombe, ya kusimamisha uvuvi kwa siku kadhaa, tuitoe nusu yake kabla. Boti isiyo na jaketi kwa kila aliyemo isiruhusiwe kung'oa nanga, na mwenye boti anayebisha akemewe hadharani kama wanavyokemewa nyawawa. Kila mwalo uwe na mtu wa kusoma utabiri kwa sauti jioni, kwa Dholuo na kwa Kisuba. Na kila kipengele cha mila kinachomtaka aliye hai ahatarishe uhai wake kwa ajili ya maiti kiondolewe bila kuoneana haya, kama ambavyo wazee wenyewe walishathubutu kufanya kwa wajane.

Mtoa roho ana amri yake, na hatuwezi kuitangua. Amri yetu sisi ni kutomwelekeza kwa watoto wetu.